Tadeusz Konwicki: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu mwandishi aliyeongoza filamu sita

Kila ninapozungumzia filamu za Poland, watu hunitajia waongozaji Wajda, Polanski au Kieślowski. Nikisema Konwicki, kimya. Kisha maswali yanaanza, na kwa kuwa karibu kila mara ni yaleyale, nimeyaweka hapa pamoja. Majibu hayalingani kwa urefu. Kuna jambo linalotaka kikao kizima, na kuna linalomalizwa kwa sentensi mbili.

Konwicki ni nani hasa?

Ni mwandishi wa riwaya na mwongozaji wa filamu wa Poland, aliyezaliwa tarehe 22 Juni 1926 huko Nowa Wilejka, mji mdogo kando ya Wilno, akafariki Warszawa tarehe 7 Januari 2015 akiwa na miaka 88. Aliandika riwaya zaidi ya kumi. Filamu alizoongoza mwenyewe ni sita tu, kuanzia 1958 hadi 1989. Juu ya hizo, aliandika skripti za waongozaji wengine, na baadhi ya hizo zilifika mbali kuliko za kwake. Jina lake hutamkwa Tadeush Konvitski.

Mbona kila kazi yake inarudi Wilno?

Kwa sababu kwao kulihama bila yeye kuhama kwanza. Alipozaliwa, Wilno ulikuwa ndani ya Poland. Leo unaitwa Vilnius na ni mji mkuu wa Lithuania. Baba yake alifariki yeye akiwa mdogo sana, akalelewa na jamaa wa familia katika Kolonia Wileńska, bonde lenye kijito, miti na reli inayopita karibu. Wapolandi, Wayahudi, Walithuania, Wabelarusi na Warusi waliishi eneo hilo pamoja, kila watu na lugha yao na siku zao za sikukuu. Bonde hilo, kijito hicho na reli hiyo utavikuta karibu katika kila kitabu chake, mara vimebadilishwa jina, mara havikubadilishwa.

Mwaka 1944 alikuwa kijana wa miaka 18 katika Armia Krajowa, jeshi la siri la Wapolandi lililopigana na Wajerumani. Julai mwaka huo jeshi hilo liliingia vitani kuukomboa Wilno, bega kwa bega na Wasovieti. Ulipokombolewa, Wasovieti wakawanyang'anya silaha wenzao hao na kuwakamata. Konwicki akarudi msituni, safari hii dhidi ya Wasovieti, akakaa huko hadi 1945. Hatimaye akavuka kuingia Poland mpya, ile iliyosogezwa upande wa magharibi kwenye ramani.

Fikiria hali yake. Nchi aliyokimbilia ilikuwa chini ya ulinzi wa dola ileile aliyoilenga bunduki miezi michache nyuma. Na nyumbani kwake kulikuwa ng'ambo ya mpaka, kunaitwa kwa jina jingine.

Ni kweli aliwahi kuwa mkomunisti?

Ndiyo, na hakukanusha. Alikwenda kufanya kazi ya mikono Nowa Huta, mji wa chuma uliokuwa ukijengwa karibu na Kraków, kisha mwaka 1950 akachapisha *Przy budowie* (Penye Ujenzi), kitabu cha kusifu wajenzi wa nchi mpya, kama watawala walivyotaka waandishi waandike. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 akaingia chamani.

Lakini ndani ya droo mlikuwa na muswada mwingine. Alikuwa ameumaliza mwaka 1948, ukiitwa *Rojsty*, neno la kwao lenye maana ya vinamasi. Ulihusu vijana wa msituni, bila ushujaa wa vitabu vya shule: uchovu, matope, watu wanaokufa kwa jambo ambalo tayari limeshindwa. Ulichapishwa mwaka 1956, baada ya Stalin kufariki na hali kulegea kidogo. Kwa miaka sita, basi, mtu mmoja alikuwa na kitabu kimoja dukani na kingine mafichoni, na hivyo viwili haviwezi kukaa meza moja.

Kadi ya chama aliipoteza mwaka 1966, alipokuwa miongoni mwa waandishi waliopinga kufukuzwa kwa mwanafalsafa Leszek Kołakowski. Wapo Wapolandi ambao hawajamsamehe ile miaka ya mwanzo. Mimi sina haki ya kusamehe wala kulaumu, ila naona kazi zake bora zimechotwa humo. Mhusika wake mkuu karibu siku zote ni mtu aliyefanya jambo wakati wa vita au baada yake, na sasa hapati usingizi. Hana mikono safi, na hajifanyi anayo.

Alisomea wapi uongozaji wa filamu?

Hakusomea. Wajda na Polanski walipita chuo cha filamu cha Łódź. Konwicki alianza masomo ya fasihi ya Kipolandi Kraków na Warszawa bila kuyamaliza, akafanya kazi kwenye magazeti ya fasihi, akaingia kwenye filamu kwa mlango wa uani: meza ya skripti.

Hapa inabidi nieleze utaratibu wa wakati ule, maana bila hivyo utadhani serikali ilikuwa ikiagiza kila picha. Pesa zilitoka serikalini, kweli, na kibali cha mwisho pia. Lakini kuanzia 1955 waongozaji walijipanga katika vikundi vya uzalishaji, kila kimoja kikiwa na kiongozi wa kisanaa na msimamizi wa fasihi. Kikundi ndicho kilichochagua hadithi, kikaisuka, kikaitetea mbele ya wakubwa. Kimoja kiliitwa Kadr. Kiongozi wake alikuwa mwongozaji Jerzy Kawalerowicz, na msimamizi wake wa fasihi kwa miaka mingi alikuwa Konwicki. Kadr ndiyo iliyotoa *Kanał* na *Popiół i diament* za Wajda. Kwa hiyo hata kabla hajashika kamera, tayari alikuwa mmoja wa watu waliojua kwa nini skripti fulani inasimama na nyingine inalala.

Filamu yake ya kwanza ilitengenezwaje bila uzoefu wala pesa?

Kwa kupunguza kila kitu hadi pasibaki cha kupunguza. *Ostatni dzień lata* (Siku ya Mwisho ya Kiangazi) ya 1958 ina wahusika wawili na pwani moja ya bahari ya Baltiki. Mwanamke ameshavuka ujana, mpenzi wake alimezwa na vita. Mwanamume ni mdogo kidogo, mwenye haya na hasira kwa pamoja. Irena Laskowska na Jan Machulski waliigiza, mpiga picha Jan Laskowski akashika kamera, na kikosi kizima kiliweza kuhesabika kwa vidole vya mkono. Hakuna jengo, hakuna watu wengine. Mchanga, upepo, mawimbi.

Na ndege za kivita. Zinapita juu ghafla, sauti inapasua kila kitu, kisha kimya kinarudi na wale wawili wanajaribu kuokota mazungumzo yalipodondokea. Mara ya kwanza nilipoitazama nilidhani ni ufundi wa kupita tu. Mara ya pili nikaona kwamba ndege ndizo zinazoamua umbali kati ya miili yao: zikipita, yule mwanamke huwa mahali pengine kabisa, mwaka mwingine. Vita imekwisha miaka 13 iliyopita na bado ina haki ya kukatiza mazungumzo ya watu pwani.

Hiyo filamu ya saa moja na ushei ilichukua tuzo kuu Venice mwaka huohuo, katika tamasha la filamu fupi na za hali halisi. Wengi huihesabu miongoni mwa filamu za mwanzo za aina ile iliyokuja kutawala Ulaya miaka michache baadaye: bajeti ndogo, watu wachache, mwongozaji aliye pia mwandishi.

Na Zaduszki?

Ya 1961. Jina lake ni siku ya kuwakumbuka marehemu, mwezi Novemba, Wapolandi wanapojaza makaburi kwa mishumaa. Mwanamume na mwanamke wanakwenda mji mdogo wakitarajia kupendana kwa amani, lakini kila mmoja amekuja na marehemu wake. Ni wazo lilelile la pwani likiwa limevaa koti. Ina sehemu nzuri, ila ukiwa na nafasi ya filamu moja tu usianze na hii.

Kisa cha Cybulski na treni ni kipi?

Hiki huniulizwa kuliko vyote, na nakielewa.

*Salto* ilitoka 1965. Inaanza na mwanamume anayeruka kutoka kwenye treni inayokwenda. Amevaa koti la ngozi na miwani meusi. Anaingia mji mdogo uliosahauliwa, anadai alijificha hapo wakati wa vita, anadai kuna watu wanamfukuza, anajiita Kowalski, mara anajiita Malinowski. Wenyeji hawamkumbuki, kisha polepole wanaanza kumhitaji. Anaponya, anatabiri, anadanganya. Usiku wa sherehe ya mji anawafundisha ngoma inayoitwa salto, kwenye muziki wa Wojciech Kilar. Ni ngoma nzito, ya kuburuta miguu na kusimama ghafla, na watu wazima wa mji ule, daktari wa hapa na mshairi wa pale, wanaicheza kwa nyuso za watu waliolala wakiwa wamefumbua macho. Mwishowe mji unamgeuka, unamfukuza kwa mawe, naye anakimbilia tena treni.

Mwigizaji alikuwa Zbigniew Cybulski, aliyepata umaarufu katika *Popiół i diament* akiwa kijana mwenye bunduki na miwani ileile meusi. Konwicki alijua anachofanya: alimchukua shujaa wa kizazi kizima akamgeuza mtu asiyejulikana kama ni shahidi au tapeli. Wengi walichukia. Kwao ilikuwa kama kumkuta mzee wa heshima akiomba nauli kituo cha mabasi.

Tarehe 8 Januari 1967, alfajiri, Cybulski mwenyewe alijaribu kudandia treni iliyokwishaanza kuondoka stesheni ya Wrocław. Aliteleza, akafariki. Alikuwa na miaka 39. Tangu hapo hakuna anayeweza kutazama dakika za kwanza za *Salto* kama zilivyokusudiwa.

Faraon, ile filamu ya Misri, ni yake?

Skripti ndiyo yake, kwa pamoja na Kawalerowicz aliyeiongoza. Ilitoka 1966, kutokana na riwaya ya Bolesław Prus ya karne ya 19, ikateuliwa kugombea Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Majangwa mengi unayoyaona humo ni ya Uzbekistan.

Sitamaliza bila kutaja mwanzo wake. Wadudu wawili wanahangaika na donge la mavi juu ya mchanga, kamera imelala chini kabisa karibu nao. Kisha tunaona kwamba jeshi zima linakuja njia hiyo. Makuhani wanasema wadudu hao ni watakatifu, hivyo jeshi lipite pembeni. Pembeni pana mfereji uliochimbwa na mtumwa mmoja kwa miaka, akiahidiwa uhuru ukikamilika. Jeshi linaufukia mfereji ili lipite. Mtumwa anajinyonga. Ndani ya dakika hizo umeshaelezwa nani anatawala Misri, kwa hoja gani, na nani analipa. Serikali ya Warszawa iliona filamu ya kihistoria. Watazamaji waliona pia watu wanaotumia utakatifu wa jambo fulani kuficha mipango yao.

Kwa Kawalerowicz huyohuyo alishiriki kuandika *Matka Joanna od Aniołów* (1961), kisa cha watawa wanaosemekana kupagawa na mashetani, iliyopata tuzo maalumu ya majaji Cannes, na baadaye *Austeria* (1982), juu ya nyumba ya wageni ya Myahudi mzee siku ile Vita vya Kwanza vilipoanza.

Aliwezaje kuandika vitabu vya kuishambulia serikali akiwa ndani ya nchi?

Kwa muda mrefu hakuweza. Kila kitabu, tamthilia na filamu kilipita ofisi ya udhibiti, Mtaa wa Mysia mjini Warszawa. (Jina la mtaa huo limetokana na panya. Utani ulikuwa tayari, watu hawakuhitaji kuutunga.) Mwandishi alijifunza kusema kwa mafumbo, mdhibiti akajifunza kuyafumbua, na msomaji akajifunza kuwapita wote wawili.

Katikati ya miaka ya 1970 Konwicki aliuchoka mchezo huo. *Kompleks polski* ya 1977 haikupita Mysia. Ilitoka katika *Zapis*, jarida la waandishi waliokataliwa, lililochapwa kwa siri na kupitishwa mkono kwa mkono. Kisa kinatokea siku moja, mkesha wa Krismasi, kwenye foleni mbele ya duka la vito. Watu wanasubiri pete za dhahabu kutoka Umoja wa Kisovieti. Kwenye foleni hiyohiyo yumo Konwicki mwenyewe, na yumo mtu aliyewahi kutumwa kumuua. Saa zinakwenda. Mzigo unapofika, si pete: ni mabirika ya umeme ya chai ya Kirusi.

*Mała apokalipsa* (Kiama Kidogo) ya 1979 ilifuata njia hiyohiyo. Mwandishi anayezeeka anagongewa mlango asubuhi na wenzake wawili wa upinzani. Wanamwomba, kwa adabu, ajichome moto saa mbili usiku mbele ya Jumba la Utamaduni. Yeye anafaa, wanasema: anajulikana kiasi, lakini si mkubwa mno wa kupotezwa. Siku nzima anazunguka Warszawa inayobomoka. Hakuna hata mwenye hakika leo ni tarehe ngapi. Hii ndiyo riwaya yake ninayoirudia, na ucheshi wake ndio unaonitisha. Hamwonei huruma yeyote, serikali wala wapinzani, wala huyo mwenye dumu la mafuta ya kujichoma.

Jumba hilo lipo kweli: zawadi ya Stalin, lilifunguliwa 1955, lina urefu wa mita 237, na Konwicki aliishi mitaa michache tu kutoka hapo. Limeingia katika vitabu vyake mara nyingi kuliko watu wengi wa ukoo wake. Hata filamu yake *Jak daleko stąd, jak blisko* (Mbali Kiasi Gani, Karibu Kiasi Gani), iliyoanza kuonyeshwa 1972, ina mtu mwenye joho jeusi la Kiyahudi anayeelea angani juu ya jiji lile.

Mwaka 1993 mwongozaji Costa-Gavras aliigeuza *Mała apokalipsa* kuwa filamu, akaihamishia Paris. Kwa maoni yangu ukikihamisha kisa hicho kutoka Warszawa unabaki na dumu tu.

Watu wa kwao wana uhusiano wowote na Afrika Mashariki?

Wanao, ingawa yeye binafsi hakuwa miongoni mwao. Mwaka 1940 na 1941 Wasovieti waliwahamisha kwa nguvu Wapolandi wengi wa mikoa ya mashariki, ukiwemo upande wa Wilno, wakawapeleka Siberia na Kazakhstan. Walioruhusiwa kutoka mwaka 1942 walipitia Uajemi, na maelfu yao, hasa wanawake na watoto, wakaletwa kwenye kambi za Afrika Mashariki: Masindi na Koja huko Uganda, na Tengeru karibu na Arusha, iliyokuwa na watu karibu 5,000. Makaburi yao Tengeru yapo hadi leo. Wengi hawakurudi kwao kwa sababu ileile iliyomzuia Konwicki: kwao hakukuwa tena Poland.

Filamu zake mbili za mwisho zinahusu nini?

*Dolina Issy* (Bonde la Issa) ya 1982 inatokana na riwaya ya Czesław Miłosz, mzaliwa wa Lithuania kama yeye. Miłosz aliikimbia serikali mwaka 1951, na vitabu vyake vilipigwa marufuku Poland hadi alipopata Nobeli mwaka 1980. Konwicki alikuwa akitengeneza utoto wa mtu mwingine, lakini ukitazama msitu na maji yale unajua ni wa nani.

*Lawa* ya 1989 ndiyo nzito. Inatokana na *Dziady*, tamthilia ya kishairi ya Adam Mickiewicz, ambayo kwa Wapolandi ni zaidi ya kitabu cha shule. Jina lenyewe ni la tambiko la zamani la kule Lithuania na Belarusi: watu wanakusanyika usiku, wanaandaa chakula, wanaita mizimu ya marehemu ije kula na kuomba inachohitaji. Msomaji wa kwetu hahitaji maelezo marefu hapo.

Tarehe 30 Januari 1968 serikali ilisimamisha tamthilia hiyo katika Ukumbi wa Taifa, kwa kuwa watazamaji walishangilia mno mistari inayoisema vibaya Urusi ya wafalme. Wanafunzi wakaandamana, wakapigwa. Ikafuata kampeni ya chuki iliyowasukuma Wayahudi kwa maelfu kuondoka nchini. Aliyeigiza nafasi kuu ya Konrad usiku ule wa mwisho alikuwa Gustaw Holoubek. Miaka 21 baadaye Konwicki akampa Holoubek nafasi hiyohiyo, mbele ya kamera. Konrad anapaswa kuwa kijana. Holoubek alikuwa na miaka 66. Konwicki hakuficha mikunjo yake. Kijana anayebishana na Mungu ni jambo moja, na mzee anayerudia hoja zilezile baada ya kuona majibu ni jambo jingine.

Kwa nini aliacha?

Baada ya *Lawa* hakuongoza tena, na baada ya 1995 hakutoa kitabu kipya, ingawa aliishi miaka 20 zaidi. Hasimu wake mkubwa, serikali ya kikomunisti, alikuwa ameanguka. Aliendelea kwenda kwenye meza yake katika mkahawa wa wachapishaji wa Czytelnik, Mtaa wa Wiejska, akipiga soga na Holoubek na wengine.

Nianze na ipi?

*Ostatni dzień lata*, kisha *Salto*. Kwa vitabu, *Mała apokalipsa* kwanza, halafu *Sennik współczesny* (1963) kama una subira. Tafsiri ya Kiingereza ya *Sennik* ilichapishwa na Penguin katika miaka ya 1970, katika mfululizo uliosimamiwa na mwandishi wa Marekani Philip Roth.

Yeye mwenyewe anaonekana katika filamu yoyote?

Mwaka 1986 Wajda alitengeneza filamu kutokana na riwaya ya Konwicki ya 1974, *Kronika wypadków miłosnych*: mapenzi ya wanafunzi wawili pembezoni mwa Wilno, kiangazi cha 1939, wiki chache kabla ya vita. Humo mna mtu anayeitwa Mgeni tu. Anatokea njiani, anamsimamisha kijana Witek, anazungumza naye kama anayemjua tangu zamani. Anajua nini kitampata, na kila mtu wa bonde lile. Wajda alimpa nafasi hiyo Konwicki. Alikuwa na miaka 60 hivi, na kijana anayetazamwa naye anamwona ni mzee msumbufu tu, ana haraka, msichana anamsubiri.